Bui ya matunda asubuhi: namna ya kuipika haraka, kwa makala ao kwa mikroonde

Kyavinyonge, kandokando ya ziwa Edouard katika teritware ya Lubero, siku inaanza mapema. Wavuvi waliolala kwenye maji wanarudi na pirogi asubuhi, na wamama wanawangojea juu ya kupokea samaki, kuwasafisha na kuwauza. Ni saa ileile watoto wanajitayarisha kwenda masomo. Mtoto akikosa kitu cha moto, anakunywa chai ya sukari tu, ao anatoka na tumbo tupu.

Shida ingine ni makala. Kyavinyonge, pamoja na Vitshumbi na Nyakakoma, ni sehemu ya uvuvi iliyo ndani ya Pariki ya Virunga. Sheria ya pariki inakataza kulima na kukata miti ya kuchoma makala. Kwa hiyo makala, unga na matunda, vyote vinanunuliwa. Chakula cha asubuhi kinapaswa kuiva upesi.

Sosoma ni nini?

Jina limetoka kwa silabi za kwanza za majina ya Kifaransa ya soya, mtama na mahindi. Pima soya kikombe 1, mtama kikombe 1 na mahindi vikombe 2. Soya inachaguliwa, inaoshwa, inakaushwa, kisha inakaangwa mpaka igeuke rangi na kutoa harufu nzuri. Hatua hii isirukwe: soya mbichi ina vitu vinavyozuia tumbo kusaga protini. Nyingine pia zinaweza kukaangwa kidogo. Vyote vinapelekwa kwenye mashini ya kusaga.

Kupika kwa makala

Kwa watu 4, chukua maji litre 1 na unga vijiko vya supu 10. Koroga unga katika sehemu ndogo ya maji baridi ili usifanye mabonge. Maji yaliyobaki yakichemka kwenye mbabula, mimina humo na koroga dakika 10 hadi 15.

Ponda ndizi mbivu 2 na uchanganye. Utamu wake unapunguza sukari. Nanasi, papai ao marakuja inaongezwa bui ikiisha kutoka kwenye moto, maana moto mrefu unaharibu vitamini C. Vitamini hiyo inasaidia mwili kupata madini ya chuma yaliyo katika nafaka. Chai inafanya kinyume, basi ingoje saa moja kisha inywewe.

Nyumba yenye mikroonde

Kwa wenye umeme wa kutosha, Butembo ao Beni, avwani ndiyo rahisi. Weka nusu kikombe cha avwani, kikombe 1 cha maji ao maziwa na vipande vya ndizi katika bakuli kubwa la kioo ao la udongo, kamwe si la chuma. Bakuli lisijae kupita nusu, sababu avwani inapanda na kumwagika. Washa dakika 1, koroga, washa tena dakika 1, kisha acha itulie kidogo.

Asiye na mikroonde anamimina maji yanayochemka juu ya avwani, anafunika dakika 10. Unga wa sosoma afazali upikwe kwenye moto, maana mikroonde haiuivishi sawasawa.

Maji na usafi

Kipindupindu kimerudi mara nyingi katika vijiji vya ziwa hili. Maji ya ziwa yachemshwe vizuri, hata yale ya kuosha matunda. Osha tunda mbele ya kulimenya, na mikono kwa sabuni. Pika bui ya kutosha asubuhi tu. Isiachwe mpaka jioni ndipo apewe mtoto.

Watoto wadogo

Mtoto chini ya miezi 6 anahitaji ziwa la mama tu. Kuanzia miezi 6, anaendelea kunyonya na anapewa bui nzito, ile isiyodondoka haraka kutoka kwenye kijiko, na tunda lililopondwa. Asali isitolewe mbele ya mwaka 1.

Unga uliokaangwa ukiwekwa pakavu, ndani ya kopo lenye kifuniko, unakuwa tayari kila asubuhi. Mama anayekwenda kungojea pirogi anaweza kuacha watoto wameisha kula, na makala kidogo tu imetumika.