Pikipiki au Gari Lililotelekezwa Uani Kwako: Je, Linakuwa Mali Yako?



Wako ndugu zetu wa Unguja na Pemba wenye watoto waliokwenda kutafuta riziki Bara, maduka na gereji, hadi Bariadi, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu uliomegwa kutoka Shinyanga mwaka 2012. Katika mji wa namna hiyo, ambapo msimu wa pamba huleta watu na kuwaondoa, suala hili haliepukiki: pikipiki imeachwa uani, au gari limelala gereji miaka mitatu, mwenyewe haonekani na simu haipatikani. Je, ni halali kulichukua?

Kukaa tu hakumpi mtu umiliki, si kwa Shari'ah wala kwa sheria ya nchi. Husemwa mitaani kuwa miaka 12 ikipita kitu ni chako. Muda huo umo katika Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, nao unahusu madai ya ardhi. Pikipiki haimo.

La kwanza ni kutenganisha kilichookotwa na kilichokabidhiwa. Mtu akija mwenyewe akakwambia "nitengenezee" au "niwekee", hiyo ni amana, haiwi luqatwah hata akipotea miaka kumi. Fundi ana haki ya ujira wake, na ujira huo ni deni. Mwenyewe akikosekana, deni hupelekwa mahakamani. Mahakama ikiamuru chombo kiuzwe, fundi atachukua chake na kilichozidi ni cha mwenyewe. Hapa ndipo vijana wengi wanapoponyokwa: anadai laki moja, anachukua pikipiki ya milioni mbili, na anaona amelipwa! Kadhalika kuing'oa tairi na betri kidogo kidogo ni kula amana.

Ama kilichookotwa kweli, asili yake ni Hadiyth ya Zayd bin Khaalid Al-Juhaniy (Radhwiya Allaahu 'anhu) iliyopokewa na Al-Bukhaariy na Muslim: mwokotaji azijue alama zake, atangaze mwaka mzima, kisha anaweza kukitumia, na mwenyewe akija arudishiwe. Alipoulizwa juu ya ngamia aliyepotea, Mtume (Swalla Allaahu 'alayhi wa aalihi wa sallam) alikataza kumchukua, kwani anajitosheleza mpaka mwenyewe amkute. Tunaona gari liko karibu na ngamia kuliko mfuko wa fedha: lina namba ya usajili, ya chesisi na ya injini, na mwenyewe anatafutika. Pikipiki iliyotupwa njiani huibiwa upesi, kwa hiyo kuiingiza ndani kwa nia ya kuihifadhi ni wema, lakini weka mashahidi wawili waadilifu siku hiyo hiyo, kama ilivyoelekezwa katika Hadiyth ya 'Iyaadhw bin Himaar. Na kwa madhehebu yetu ya Kishaafi'iy, hata mwaka ukipita na mtu akatamka kumiliki, mwenyewe akitokea anastahiki chake au thamani yake.

Sheria ya nchi haiko mbali na hapo. Kifungu cha 258 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, hakimhesabu mwizi aliyeokota kitu kilichopotea ikiwa hamjui mwenyewe na ana sababu za maana za kuamini kuwa hapatikani. Mwenye kushika chombo chenye namba za usajili atawezaje kusema hivyo kabla ya kuuliza?

Basi aende kwa mwenyekiti wa mtaa (huko Bara hakuna sheha), kisha kituo cha polisi, aandikishe maelezo na achukue nambari ya taarifa. Polisi wataangalia kama chombo kimeibwa na nani amesajiliwa. Namba ikianza na Z, ataulizwa Zanzibar, kwani usajili wa huku ni mbali. Jambo hili lina uzito zaidi kwa bodaboda: nyingi ni za mkataba au mkopo, na aliyeitelekeza huenda ni dereva tu. Mmiliki yuko Maswa au Mwanza, anaitafuta.

Asipojitokeza mtu, mali hupelekwa mbele ya hakimu, naye anaweza kuamuru mnada wa hadhara. Anayekitaka chombo anunue hapo. Hati za mnada ndizo atakazozipeleka TRA abadilishiwe kadi. Karatasi ya mauziano iliyoandikwa na asiyekuwa mmiliki haimfikishi popote.

Ikijulikana kuwa mwenyewe amefariki, chombo ni tirkah: hulipwa madeni, kisha wasia, kisha warithi. Familia iliyoko visiwani ianzie Mahakama ya Kadhi au Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana. Kwa chombo cha Bara, TRA watataka hati ya mahakama ya kumteua msimamizi wa mirathi. Akiwa hajulikani yu hai au amekufa, huyo ni mafquud, na mali yake haigawiwi mpaka kifo kithibiti au kihukumiwe.

Gharama za kukivuta na kukilaza chombo ziandikwe tangu mwanzo mbele ya mashahidi, zidaiwe kwa mwenyewe akija.

Wa Allaahu A'lam.