Baina ya Usingizi na Macho: Habari ya Watu-Simba wa Singida

Kiswahili kina jina la hali ambayo si ndoto wala si kuwa macho: jinamizi. Mtu huzinduka usiku, akakiona chumba alimolala, lakini mkono hauinuki na sauti haitoki. Aghalabu huhisi kitu kizito kimemkalia kifuani. Elimu yaeleza kwamba wakati wa kuota viungo hulegea, ili mlalaji asiinuke kuifuata ndoto yake. Akili ikitangulia kuamka, ndoto huendelea mbele ya macho yaliyo wazi. Watu wapatao 8 katika kila 100 hupatwa na hali hiyo angalau mara moja maishani, nayo hupita kwa dakika chache.

Wanyaturu wa Singida walisimulia hali inayofanana na hiyo, ila yao ilidumu miaka, nayo ilifika mpaka mbele ya mahakimu. Waliisimulia katika habari za mbojo, yaani mtu-simba. Ilisemwa kwamba mtoto au kijana huibwa, akafichwa gizani, akanyweshwa dawa mpaka fahamu zikafifia. Hakuwa amelala, maana alitembea na kuua. Wala hakuwa macho, maana hakumjua hata mamaye. Huyo alivikwa ngozi ya simba na kuachiliwa usiku. Aliyemfuga aliweza kumkodisha kwa mwenye kisasi.

Serikali ya Waingereza ilizisikia habari hizo baada ya Vita Kuu vya Kwanza, nazo zikapamba moto miaka ya 1946 na 1947, maiti zilipookotwa zenye majeraha kama ya makucha. Watu walikamatwa, wakashtakiwa kwa mauaji, na baadhi yao wakahukumiwa kufa. Mwaka 1950 A. W. Wyatt aliyaandika mambo hayo katika jarida la Tanganyika Notes and Records; na mwaka 1962, katika jarida lilo hilo, Harold Schneider, mtaalamu wa Kimarekani aliyekaa miongoni mwa Wanyaturu, akayapima upya.

Yafaa kuilinganisha Singida na Njombe. Huko nako, miaka ile ile, watu wengi waliliwa, na wenyeji walisema kwamba simba wale wametumwa na mchawi. George Rushby, bwana nyama, aliwasaka, na kundi lilipouawa mwaka 1947 vifo vilikoma. Njombe shauri lilikatwa kwa bunduki, kwa kuwa mwuaji alikuwa mnyama. Singida shauri lilipelekwa barazani, na baraza humtafuta mtu.

Hapo ndipo ugumu ulipozuka. Kanuni ya Adhabu ya Tanganyika ilikubali kwamba mtu halaumiwi kwa tendo lililotendeka pasipo hiari yake. Imani ya wenyeji nayo ilisema hivyo hivyo kwa njia yake: mkono ulioua hauna hatia, kwa sababu mwenye mkono hayupo ndani yake, hatia ni ya aliyemlevya, na ya aliyemkodi. Basi pande mbili hizo zilikubaliana juu ya asili ya lawama. Lakini sheria haikuweza kuipokea dawa isiyoonekana kuwa ushahidi. Na Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928 iliadhibu kujidai kuwa na nguvu za uchawi, haikuthibitisha kwamba nguvu hizo zipo. Hivyo hali iliyokuwa kiini cha habari yote machoni pa Wanyaturu haikuwa na mahali katika hukumu.

Haifuati kwamba hali hiyo ilikuwepo kama ilivyosimuliwa. Hakuna dawa ijulikanayo iwezayo kumfanya mtu asinzie na kuwinda kwa pamoja, miaka na miaka. Huenda jinamizi, linalomwonjesha mtu utumwa wa mwili kwa kitambo kidogo, liliwarahisishia wengi kusadiki utumwa mrefu zaidi. Hata hivyo usimulizi huo ulikuwa na kazi. Kijiji kilichopoteza watu wake kilitaka kumjua aliyefaidika na kifo, wala hakikutosheka kumjua aliyekitenda. Swali hilo ni la haki, hata kama jibu lake lilivikwa ngozi ya simba.

Kwa hiyo mwanahistoria wa Singida hana budi kuyaandika mawili kwa pamoja: hali isiyothibitika, na watu halisi waliokufa, wengine porini, wengine kwa hukumu, kwa sababu yake.