Jando la Masasi: Yaliyobadilishwa na Yaliyobaki

Katika nchi ya Masasi, kusini mwa Tanganyika ya zamani, mtoto wa kiume hawi mtu mzima kwa kuhesabiwa miaka yake tu. Hupelekwa kumbini pamoja na wenziwe, hutahiriwa, hukaa huko mbali na mama yake, hufundishwa adabu na siri za watu wazima. Hata siku ya kutoka hunyolewa, hupakwa mafuta, huvikwa nguo mpya na kupewa jina jipya. Tangu siku ile jina la utoto limekufa. Mtu akimwita kwa jina lile amemtukana. Ndivyo walivyofanya Wayao, Wamakua na Wamakonde, kila watu kwa namna yao. Nimeandika haya kama habari za wazee, walakini makumbi yangaliko, na waalimu wa Mtwara wanajua jinsi madawati yanavyokuwa matupu msimu wake ukifika.

Mambo mengi ya nchi ile yamegeuka tangu Askofu Edward Steere alipofika huko mwaka 1876 pamoja na watu waliokombolewa utumwani Unguja. Lugha ya shule imegeuka, serikali zimekuja na kwenda, mavazi si yale. Jando halikuondoka. Lakini pia halikubaki lilivyokuwa, na hapo ndipo pana habari ya kuandikwa.

Wale waliofika na Steere walikuwa watu wa makabila mengi, na miongoni mwao walikuwamo waliotekwa wangali watoto. Mtoto aliyetekwa hakuwa na mjomba wa kumpeleka kumbini wala mzee wa kumpa jina. Alibatizwa Unguja, akapewa jina la Kikristo, akasoma. Fikiri basi mtu wa namna hii amekuja kukaa kati ya Wayao na Wamakua. Kwa macho ya Misioni ni Mkristo wa kwanza, kiongozi wa wengine. Kwa macho ya wenyeji ni mtoto, hata akiwa na ndevu. Padre Cecil Majaliwa alikuwa Myao wa kuzaliwa, akachukuliwa utumwani, akalelewa na Misioni Unguja. Mwaka 1890 akapewa upadre, Mwafrika wa kwanza kuupata katika Misioni ile ya Vyuo Vikuu, akafanya kazi Chitangali kati ya watu wa kabila lake mwenyewe. Padre na mzee wa kabila hawakuwa na kipimo kimoja cha utu uzima, naye alipaswa kukaa katikati yao.

Wamisionari wa miaka ya kwanza walilikataza jando, nao hawakukosa sababu. Kulikuwa na nyimbo za matusi, na mafundisho mengine ambayo hakuna mzazi Mkristo ambaye angeyakubali. Tena kulikuwa na sadaka ya unga kwa wazimu wa wazee, ambayo Wayao huiweka chini ya mti wa msolo. Kwa hiyo wakasema, Mkristo asipeleke mtoto. Lakini katazo lile liliwashinda, si kwa kubishiwa, bali kwa ukimya. Siku mtoto haonekani shuleni. Akiulizwa, baba hana habari, mama hana habari. Akirudi ana jina jingine.

Hata baada ya vita vya Maji Maji, ambavyo mwaka 1905 viliiteketeza Misioni ya Masasi, mambo yalizidi kuwa magumu. Uislamu ulienea upesi katika vijiji vya Wayao. Jando la pwani lilikuja pamoja nao, likakaa juu ya lupanda, ndilo jina la desturi ile ya zamani ya Wayao. Asiyetahiriwa hakuaminiwa kuchinja nyama, wala hakupewa nafasi pamoja na watu. Kwa hiyo kijana Mkristo aliyekwenda kumbini kwa siri alikwenda mara nyingi katika kumbi la Waislamu, na wengine hawakurudi kanisani tena. Mwaka 1906 mtaalamu Mjerumani, Karl Weule wa Leipzig, alipita nchi ile pamoja na Newala, akapiga picha za unyago wa wasichana na kuzitia nyimbo zao katika mashine ya sauti. Yeye aliona desturi iliyo hai, yenye nguvu, wala si masalio ya kale.

Padre Vincent Lucas alifika Masasi mwaka 1909. Mwaka 1926, Masasi ilipotengwa na dayosisi ya Zanzibar, yeye akawa Askofu wake wa kwanza, akakaa katika kazi ile mpaka mwaka 1944. Jina lake ndilo linalotajwa katika vitabu kila jando la Kikristo linapotajwa, na yakini alistahili, maana aliandika wazi mwaka 1928 kwamba si kazi ya Kanisa kung'oa kila kitu. Yaliyo mabaya yaondolewe, yasiyo na mabaya wala mema yaachwe, na yaliyo mema yabatizwe. Mawazo haya hayakuwa mageni kwa Waingereza, kama wangekumbuka habari zao wenyewe. Mwaka 601 Papa Gregori alimwandikia Mellitus, aliyekuwa safarini kwenda Uingereza, kwamba mahekalu ya watu wale yasibomolewe. Sanamu ziondolewe, majengo yatiwe maji ya baraka, na siku zao za kuchinja ng'ombe ziwe karamu za Kikristo. Babu za wamisionari walihurumiwa hivyo.

Walakini mtu hawezi kupepeta asichokijua. Mzungu hakupita kumbini. Nani basi aliyemwambia kwamba wimbo huu ni matusi na huu ni mafunzo, kwamba unga huu ni ibada na mafuta haya ni usafi tu? Ni mapadre na waalimu Waafrika, wengine wao wakiwa wamepita huko wenyewe. Hao ndio waliokaa na wazee, wakauliza, wakabishana, tena hawakukubaliana wote. Wengine waliona ya kuwa jando likitiwa maji ya baraka litabaki lile lile la kale. Mabishano yale yaliendelea miaka mingi, na mimi nayahesabu kuwa sehemu bora ya habari hii kuliko waraka wa askofu yeyote.

Hivi ndivyo lilivyokuwa jando la Kikristo. Kwanza palisaliwa Misa. Kumbi likajengwa mbali na nyumba kama zamani, lakini msalaba ukawekwa ndani yake. Mkataji alikuwa Mkristo, akatumia kisu safi na dawa ya hospitali. Padre alikuwapo kambini, akifundisha na kusali pamoja na watoto asubuhi na jioni. Mahali pa sadaka ya unga palikuwa na sala kwa ajili ya wafu. Nyimbo za matusi zilikatazwa, wala makungwi hawakuondolewa. Walifundisha adabu kama walivyofundisha siku zote. Siku ya kutoka, wari wakaenda kwa maandamano mpaka kanisani wamevaa nguo mpya, wakabarikiwa, ndipo ndugu zao wakawapokea kwa vigelegele.

Tazama yaliyobaki. Mtoto hutengwa na mama. Huteswa kidogo, hufundishwa na watu wasio wazazi wake. Hutoka pamoja na wenziwe, nao ni ndugu zake wa kumbini mpaka kufa. Hupokewa mbele ya watu wote. Kisu kilibadilika, wimbo ulibadilika, mti wa msolo uliachwa. Lakini neno lile ambalo wenyeji walilishika kwa mikono miwili halikuguswa, yaani kwamba mtu hafanywi mtu mzima na baba yake peke yake nyumbani, bali hufanywa na jamaa yote hadharani.

Upande wa wanawake kazi ilikuwa ngumu zaidi. Kwa wasichana wa huko hakuna kukata. Malango yao ni mafunzo, michezo na nyimbo, na mwenye mafunzo ni bibi. Padre hakuweza kuingia. Masista walikuwa wageni, na nusu ya maneno ya nyimbo zile ni mafumbo ambayo hata mwanamume wa kabila lile haambiwi. Wakungwi walijua jambo moja, kwamba atakayefundisha malango ndiye atakayekuwa mama wa mji. Hawakuwa tayari kumpa mgeni cheo hicho.

Hapo twaingia katika jambo ambalo vitabu vya Misioni havikulisema sana. Zamani haki ya kupiga lupanda ilikuwa ya mfalme wa nchi. Mji mdogo haukufungua kumbi mpaka mkubwa atoe ruhusa, na aliyepewa ruhusa amekuwa mkubwa pia. Jando la Kikristo lilipoanza, ruhusa ilitoka kwa padre. Tena zamani watoto wa kijiji waliingia kumbi moja. Sasa palikuwa na kumbi la Wakristo na kumbi la Waislamu, na vijana wa mjomba mmoja hawakutoka siku moja. Desturi iliyokuwa ikiunganisha kijiji ikawa alama ya kukigawanya. Basi yalibaki mafunzo ya kwamba mtu hufanywa na jamaa, lakini jamaa yenyewe ikapimwa upya. Sidhani Askofu Lucas alilitaka hili. Hata hivyo lilitokea.

Kwa kulinganisha, tuangalie nchi ya Wakikuyu, Kenya, miaka ile ile. Huko wasichana walikatwa, na madhara yake yalionekana hospitalini wakati wa kuzaa. Madaktari wa Misioni walisema kweli: ilikuwa hatari kwa mwili na kwa uhai. Mwaka 1929 Misioni ya Scotland, mkuu wake akiwa Dkt. John Arthur, pamoja na wengine, iliwataka Wakristo na waalimu waape kuiacha desturi ile na kutia alama ya kidole, nayo ikaitwa kirore. Mamia walikataa. Waliokataa waliondolewa, madarasa yakabaki wazi, nyimbo za kuwadhihaki wamisionari zikaimbwa mpaka serikali ikazipiga marufuku mwaka 1930. Wazazi wakajenga shule zao wenyewe, nazo zikaendelea kuwa na nguvu. Mwaka 1939 wakawa na chuo chao cha waalimu Githunguri. Jomo Kenyatta, katika kitabu chake cha mwaka 1938, alieleza ya kwamba mgeni aliona kisu tu, wala hakuona marika yanayozaliwa kwa kisu kile, ambayo ndiyo kalenda na serikali ya watu.

Usidhani nasema Wakikuyu walikuwa na haki ya kukata na wamisionari walikuwa na kosa la kukataza. La. Kisu kile kilikuwa kiovu mwaka 1929, na ni kiovu leo. Sheria ya Kenya ya mwaka 2011 imekikataza kabisa. Nasema tu kwamba katazo lililokuja kama karatasi ya kutiwa kidole liliwaacha wazazi na mambo mawili ya kuchagua, kuwa na kisu au kutokuwa na utu uzima wowote. Wengi wakachagua kisu, na mabinti ndio waliolipa, kizazi baada ya kizazi.

Njia ya tatu ilionekana Kenya baadaye sana. Mwaka 1996, huko Tharaka, akina mama wa Maendeleo ya Wanawake, pamoja na wasaidizi wao, waliwatenga wasichana wachache kwa siku kadhaa kama desturi itakavyo, wakawafundisha mambo ya mwili, ya ndoa na ya heshima, kisha wakawatoa hadharani kwa ngoma na zawadi, bila kisu. Waliliita jambo hilo tohara ya maneno. Mama wa watoto wale walikuwa wamekubaliana wao kwa wao kabla ya siku ile kufika. Jambo kama hili wazee na mapadre wa Masasi walikuwa wamelifanya zaidi ya miaka sitini nyuma, kwa upande wa wavulana.

Siku hizi mtoto wa Mtwara aweza kutahiriwa hospitalini kwa nusu saa, akarudi nyumbani jioni. Wazazi wengi hufanya hivyo akiwa bado mdogo. Walakini mara nyingi yule yule aliyekwisha kutahiriwa na mganga wa hospitali hupelekwa kumbini likizo ifikapo, hali hapana cha kukatwa tena. Huko hukaa na wenziwe, husikia mafumbo, hunyolewa, naye hutoka na jina jipya.