Hadithi za Mapenzi katika Lugha ya Kiassam

Msomaji atakayeuliza kwa nini Waassam wa Bara Hindi walichelewa kuandika hadithi za mapenzi za namna ya siku hizi, na atazame kwanza mahakama zao. Mwaka 1836 serikali ya Waingereza iliamuru Kibengali kitumike mahakamani na shuleni, kana kwamba Kiassam ni lahaja tu, na amri hiyo ilidumu hata 1873. Mtu ahukumiwaye kwa lugha isiyo yake, na mwanawe akafundishwa kwa hiyo hiyo, atamwandikia nani habari za moyo wake?

Wamisheni Wabaptisti kutoka Marekani waliipinga amri hiyo. Mwaka 1846 walianza kupiga chapa huko Sibsagar gazeti la Orunodoi, maana yake mapambazuko, na mwaka 1867 Miles Bronson akatoa kamusi. Lakini yatupasa kusema kweli: hadithi ndefu iliyotoka kwao, “Kaminikanta” ya A. K. Gurney (1877), ni mahubiri yaliyovikwa nguo za mume na mke.

Mapenzi yenyewe yaliandikwa na wenyeji. Mwaka 1889 wanafunzi Waassam waliokuwa Calcutta walianzisha gazeti la Jonaki, yaani mbalamwezi. (Basi kwao mapambazuko yalitangulia mbalamwezi!) Mmoja wa waandishi wake, Lakshminath Bezbaroa, wengi humhesabu kuwa baba wa hadithi fupi ya Kiassam. Katika “Bhadari”, mume ampiga mkewe kwa panga kwa ajili ya chakula kilichochelewa. Mke alala na jeraha lake, wala mapenzi yake kwa mumewe hayazimiki. Sisi twaweza kukasirika tusomapo, na pengine yafaa.

Miaka hiyo hiyo ya 1890 Rajanikanta Bordoloi alitoa “Miri Jiyori”, yaani Binti wa Kimiri. Wamiri, ambao wenyewe hujiita Wamising, hukaa kando ya mto Subansiri, na wana nyimbo zao za mapenzi ziitwazo oi-nitom. Jonki na Panei wapendana. Wazazi wa binti wamtaka mwingine. Desturi haiwaachilii, nao wafa wote wawili. Bordoloi hakuwa Mmising, lakini katika hadithi yake kijana na binti wa kabila dogo wana moyo ule ule walio nao wana wa wafalme katika tenzi za kale.

Gazeti la Awahan, lililoanza mwaka 1929, likafungua mlango kwa hadithi fupi nyingi nyingine, ambazo zastahili makala yake peke yake.