Pochi iliyorudi kwenye simu

Nyanya yangu hapa Nakuru alifunga pesa kwenye pindo la leso. Machi 2007 Safaricom ilipozindua M-Pesa, nikadhani pochi imekufa. Kumbe wakala alitaka kitambulisho kabla ya kukutolea pesa, basi simu na kitambulisho vikawa havitengani. Zikaja simu za kioo cha kugusa, mfano Huawei IDEOS, na kioo hupasuka. Kava ya kukunja yenye mifuko ya kadi ikatatua yote mawili.

Yangu iliibwa kwenye matatu ya Naivasha. Kurudisha laini kulihitaji kitambulisho, nacho kilikuwa humo humo! Siku hizi kava nakingia kioo tu. Kitambulisho kiko soksini, na nyanya ananicheka.