Maktaba za Vifaa (kompyuta)

Maktaba za vifaa ni mikusanyo ya msimbo wa pamoja inayoziwezesha programu za kompyuta ya mezani kutambua na kutumia flashi, printa, kamera, betri na vifaa vingine. Bila maktaba hizi, kila mtunzi wa programu angeandika upya kazi ileile, na huo ni upotevu mkubwa wa nguvu.

Mtu akichomeka flashi kwenye kompyuta ya saiba ya Nunguni, huko Kilungu, kaunti ya Makueni, kiini cha mfumo endeshi ndicho huiona kwanza. Katika Linux, udev hupokea taarifa, UDisks huandaa hifadhi, kisha maktaba kama Solid huiarifu programu ya mafaili. Programu haina haja ya kujua chapa ya flashi wala iliunganishwa vipi.

Solid ilitoka pamoja na KDE 4.0, toleo la mazingira ya kompyuta ya mezani yanayotumika katika Linux, Januari 2008. Mwanzoni iliegemea HAL, tabaka la zamani la kuwasiliana na vifaa. HAL ilipoachwa, tabaka la chini lilibadilishwa bila programu za juu kuandikwa upya. Hapo ndipo thamani ya maktaba hizi ilipodhihirika.

Umuhimu wa vifaa kuitikia programu Wakenya waliuona katika usajili wa wapigakura wa mwaka 2012, uliotumia laptopu, kamera na visoma alama za vidole kwa pamoja.

Solid ni programu huria: mwanafunzi wa Kilungu mwenye intaneti anaweza kuusoma msimbo wake wote bila malipo.