Jicho la Mahakama Katika Mashamba ya Lamu

Watu wawili wakigombea shamba, kila mmoja huja mahakamani na maneno yake, lakini shamba lenyewe haliji. Hakimu aweza kusikiliza viapo na kusoma hati, ila mnazi wa mpakani hauwezi kuitwa shaurini. Kwa sababu hiyo sheria ilimruhusu hakimu kumteua mtu, aitwaye kamishna, aende penye ugomvi, atazame, apime, aulize, kisha arudi na taarifa iliyoandikwa na kutiwa saini. Utaratibu huu uliingia pwani yetu pamoja na sheria za Bara Hindi mwishoni mwa karne ya 19, na nchini Kenya umo katika Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai tangu mwaka 1924.

Kazi ya kutazama ardhi yaonekana nyepesi. Historia ya visiwa vya Lamu yatufundisha kwamba sivyo.

Lamu, Manda, Pate na visiwa vidogo vya jirani vina mchanga mwingi na maji matamu haba. Minazi hustawi, lakini chakula cha nafaka kilihitaji ardhi zaidi. Basi tangu zamani watu wa visiwani walivuka maji kwa mashua wakalima bara. Walifyeka konde, wakailima misimu kadhaa, kisha wakaiacha ipumzike na kufyeka nyingine. Konde iliyopumzishwa huota vichaka. Mgeni huiona kuwa pori. Mwenyewe huijua kwa kisima, kwa mwembe aliopanda babu yake, na kwa makaburi ya wazee. Tena kwa desturi ya pwani, minazi yaweza kuwa ya mtu mmoja na ardhi iliyo chini yake ikawa ya mwingine. Jicho peke yake halitambui mambo haya.

Mwaka 1886 walikuja pwani makamishna watatu: Kitchener wa Uingereza, Raffray wa Ufaransa na Schmidt wa Ujerumani. Hawa hawakutumwa na mahakama bali na mataifa yao, lakini kazi yao ilifanana na ile ya kamishna wa mahakama, yaani kutazama ni ardhi ipi iliyokuwa chini ya Sultani wa Zanzibar. Sultani Barghash, ambaye ardhi yake ndiyo iliyopimwa, hakuwa na mtu wake miongoni mwa waamuzi hao. Mwisho wa mwaka huo Uingereza na Ujerumani zilipatana kwamba Sultani abaki na ukanda wa maili 10 mpaka Kipini, pamoja na kisiwa cha Lamu. Pwani ya bara kutoka Kipini hadi Ghuba ya Manda ilihesabiwa kuwa ya mtawala wa Witu. Hivyo mtu wa Lamu aliweza kulala chini ya bendera moja na kulima chini ya nyingine. Hali hiyo iliendelea mpaka mwaka 1890, Ujerumani ilipoiachia Uingereza nchi ya Witu.

Pigo la pili lilikuwa la kisheria. Mwaka 1907 utumwa ulifutwa katika pwani ya Kenya. Lilikuwa jambo la haki, nao wengi wa waliokombolewa waliyaacha mashamba ya mabwana zao. Mwaka uliofuata, 1908, ilitolewa Sheria ya Hati za Ardhi. Kila mwenye kudai ardhi katika sehemu zilizotangazwa alitakiwa kupeleka dai lake kwa ofisa wa kuandikisha hati. Ardhi isiyodaiwa ilihesabiwa kuwa ya Serikali. Sheria hiyo ilimfaa mwenye nyumba ya mawe na karatasi ya kadhi. Mkulima wa konde za kupumzisha, asiye na hati wala shamba la kudumu mahali pamoja, alikuwa na machache ya kuonyesha. Baadaye, katika vita vya shifta vya miaka ya 1963 hadi 1967, Wabajuni wengi walivihama vijiji vyao vya bara wakakimbilia visiwani, na vichaka vikafunika hata visima vyao.

Basi kamishna anayetumwa leo na mahakama atazame nini? Akitazama mimea tu, atasema hapana mwenyewe. Hana budi aulize vichaka vilianza lini na kwa sababu gani. Atafute kisima, kaburi na mti wa kupandwa. Awasikilize majirani wa pande zote, si wa upande mmoja. Sheria yenyewe imeweka kinga: wenye kesi huitwa wafike mbele yake, taarifa yake ni ushahidi, lakini si hukumu, naye aweza kuhojiwa mahakamani juu ya aliyoyaandika. Mahakama isiporidhika, yaweza kuagiza uchunguzi mwingine.

Kinga hizo Sultani hakuzipata mwaka 1886. Mwanafunzi atakayekuwa hakimu, mpima ardhi au mwenye shamba na azijue, na mahali ambapo wenzake wanaona pori aulize kwanza ni nani aliyewahi kulima hapo.